Panda-Shuka: Siku Nne Katika Kisiwa cha Oahu

(Maneno ya hotuba iliyotolewa na mwanachama wetu, wa darasa lililomaliza Kidato cha Nne mwaka 1971, baada ya chakula cha mchana siku ya mkutano wa mwaka.)



Katibu aliponiandikia kuniomba niseme machache juu ya safari yangu ya Hawaii, alinionya kwa upole kwamba nimepewa dakika ishirini tu, na kwamba mtakuwa mmekwisha kushiba pilau. Mtu aliyeshiba pilau haambiwi mambo mengi. Basi nitajaribu kufupisha. Lakini liko jambo moja nitakalolisema mwishoni, ambalo nimelichukua moyoni miaka mingi, nanyi naomba mnistahimilie mpaka nifike huko.

Nianze hapa hapa kwetu. Wazee wetu wa Mombasa walikuwa na troli. Mwanzoni mwa karne ya 20, motokaa zilipokuwa bado ni ajabu, palikuwa na reli nyembamba zilizotandazwa kisiwani, na juu yake vigari vyenye viti na kitambaa cha kuzuia jua. Havikuwa na injini wala farasi. Vilisukumwa na watu. Bwana mkubwa alikaa kitako na wenzake wakamsukuma mpaka mlangoni kwake. Babu yangu aliviona vigari hivyo kwa macho yake, na kila alipotuhadithia alimaliza kwa kusema kwamba yeye hakupata kupanda hata siku moja.

Mimi mjukuu wake nimepanda troli, tena siku nne mfululizo, ila katika kisiwa cha mbali. Mwaka 2019 nilikwenda kumtazama binti yangu anayefanya kazi Honolulu, katika kisiwa cha Oahu, nchini Marekani. Kisiwa hicho kina ukubwa wa kilomita za mraba 1,545 hivi, maana yake ungeweza kukitia kisiwa cha Mombasa ndani yake karibu mara mia. Kina watu wapatao milioni moja, milima miwili mirefu iliyolala sambamba, na upepo wa kaskazi mashariki unaovuma karibu mwaka mzima na kulifanya jua livumilike.

Kichekesho cha kwanza kilinipata uwanjani. Nilipotoka ndegeni nikaona basi limeandikwa "Wiki Wiki". Nikajiuliza, hivi basi hili huja kila wiki au mara moja kwa wiki? Nikaambiwa kwamba kwa Kihawaii neno hilo maana yake ni haraka haraka. Ninyi vijana mnaotafuta majibu yenu ya kazi za nyumbani katika Wikipedia, jueni kwamba jina hilo lilitoka kwenye basi hilo. Mmarekani mmoja mtaalamu wa kompyuta, Ward Cunningham, alilikumbuka basi la uwanja wa Honolulu mwaka 1995 alipokuwa akitafuta jina la mtambo wake wa kurasa ambazo kila mtu aweza kuziandika upesi, na Wikipedia ikalirithi baadaye.

Binti yangu alikuwa kazini mchana kutwa, na mwanawe, mjukuu wangu wa miaka minane, alikuwa likizoni. Akatukatia tikiti mbili za siku nne za troli za Waikiki, akasema, "Baba, zungukeni." Nitawaeleza tikiti hiyo ilivyofanya kazi, maana ndiyo iliyonileta mbele yenu leo. Troli zenyewe ni mabasi yaliyoundwa mfano wa tramu za zamani. Zina mabenchi ya mbao na pande zake zi wazi, upepo unapita. Tramu za kweli za umeme zilikuwako Honolulu zamani, zikaondolewa zote kufikia mwaka 1941, na hizi za leo ni ukumbusho tu. Nilipokwenda mimi zilikuwa na njia kadhaa, na kila njia ilikuwa na rangi yake: ya waridi, ya buluu, ya kijani na nyekundu. Mwenye tikiti alishuka kituo chochote, akatembea, akala, akapanda troli nyingine iliyofuata, bila kulipa tena. Mjukuu wangu na mimi tuliiita tikiti ya panda-shuka. Atakayejaliwa kwenda aulize kwanza njia na nauli za wakati huo, maana mambo hayo hubadilika.

Lazima niseme jambo moja kabla hatujaondoka kituoni. Jina hilo la "panda-shuka" lilikuwa karibu Kiswahili chote alichokijua mtoto huyo, nami nilimfundisha asubuhi ile ile. Aliponipokea uwanjani alinisalimu kwa Kiingereza, nami nikamjibu kwa Kiingereza. Sikuona neno. Tulikuwa hivyo hata kwenye simu tangu alipojua kusema.

Siku ya kwanza tulipanda njia ya waridi, ambayo ni njia ya madukani. Ilitupeleka Ala Moana, soko kubwa mno la maduka lililofunguliwa mwaka 1959, mwaka ule ule Hawaii ilipofanywa jimbo la 50 la Marekani. Huko nilionja poi, nayo ni majimbi yaliyopikwa yakapondwa mpaka yakawa kama uji mzito, ya rangi ya zambarau. Wahawaii hula kwa vidole. Mjukuu wangu alikunja uso, mimi nikamaliza bakuli, kwa sababu majimbi nayajua tangu shamba la nyanya. Tena kule wana mishelisheli kama yetu. Nikajikuta natembea sokoni nikiyataja majina ya vyakula kwa sauti, na mtoto nyuma yangu ananiuliza nasema na nani.

Kwa kuzubaa huko tuliikosa troli ya mwisho. Kosa lilikuwa langu, kwani saa zote ziliandikwa kwenye karatasi niliyokuwa nayo mfukoni. Tulirudi kwa basi la mji, lenye wafanyakazi waliokuwa wakirudi makwao wamechoka, na nauli yake ilikuwa ndogo. Kwa hiyo nawausia wasafiri mambo mawili. Tazameni saa ya gari la mwisho kabla ya kutazama maduka, na wala msidharau basi wanalopanda wenyeji.

Siku ya pili tulishika njia ya buluu, inayofuata ufuo kuelekea mashariki. Hapo ndipo nilipoanza kusikiliza vizuri maneno ya madereva, kwa kuwa dereva wa troli huendesha huku akieleza kwa kipaza sauti. Yule wa siku hiyo hakusema kushoto wala kulia. Alisema "mauka", yaani upande wa milimani, na "makai", yaani upande wa baharini. Nikacheka peke yangu. Nyanya yangu naye hakupata kusema kushoto wala kulia maisha yake yote. Nyumba ya fulani ilikuwa upande wa bara au upande wa pwani, basi, na hakuna aliyepotea. Tulisimama Halona, mahali ambapo bahari huingia chini ya mwamba wa volkano na kuruka juu kwa tundu kama mvuke wa birika. Mjukuu wangu alihesabu mirusho kumi na mmoja. Alihesabu kwa Kiingereza.

Siku ya tatu ilikuwa ya njia ya kijani, kwenda Diamond Head. Jina hilo walilitoa mabaharia wa Kiingereza wa karne ya 19, walioona mawe yanametameta wakadhani ni almasi, kumbe ni mawe ya bure. Jina lake la asili ni Leahi. Ni mdomo wa volkano iliyozima, na kilele chake ni mita 232 juu ya bahari. Njia ya kupandia ilichongwa mwaka 1908 kwa ajili ya ngome ya kulinda pwani, na karibu na kilele kuna pango la kupita gizani na ngazi za kukatisha pumzi. Nilipanda. Wale wa darasa langu wanaocheka hapo nyuma waende wakapande wao. Tangu mwaka 2022 wageni wasio wenyeji wa jimbo hilo hutakiwa kuweka nafasi mapema, kwa hiyo msije mkafika langoni mkarudishwa. Kutoka juu tuliiona Waikiki yote, jina ambalo maana yake ni maji yanayobubujika, na nyuma yake mabonde ya kijani yenye mvua. Nilimwonyesha mtoto, nikataka kumwambia hadithi niliyoambiwa na babu nilipokuwa na umri wake. Nikaona kwamba siwezi kuihadithia kwa Kiingereza. Mzaha wake wote umo katika maneno. Nikanyamaza, tukashuka.

Siku ya nne tulipanda njia nyekundu, iendayo kwenye mji wa kale. Dereva alikuwa mama wa makamo, Mhawaii wa asili, mcheshi sana. Alituuliza mmoja mmoja tunatoka wapi. Niliposema Kenya, troli nzima ilishangilia, kwa sababu Rais Barack Obama alizaliwa katika mji huo tarehe 4 Agosti 1961, na baba yake, Mkenya, alikuwa amefika kusoma Chuo Kikuu cha Hawaii mwaka 1959. Mama yule akafurahi, akasema kwa kipaza sauti, "Kijana, tusalimie kwa lugha ya kwenu."

Mjukuu wangu akanitazama. Watu wote wakanyamaza wakingoja. Kisha akajibu kwamba hana lugha.

Nilisalimu mimi kwa niaba yake. Nikasema "hamjambo nyote", watu wakapiga makofi, na troli ikaenda zake. Lakini nadhani mama yule aliuona uso wangu. Tulipokuwa tumesimama kwenye taa nyekundu alianza kueleza habari ya lugha yao. Alisema ina herufi 13 tu, na kila silabi huishia kwa irabu, kama zilivyo silabi nyingi za maneno yetu ya asili. Alisema mwaka 1896 ilipitishwa sheria kwamba shule zote zifundishe kwa Kiingereza, na watoto waliosikiwa wakisema Kihawaii shuleni wakaadhibiwa. Nyanya yake mzaa mama alikuwa mmoja wao. Alichapwa vidole, na alipokuwa mtu mzima hakuwasemesha watoto wake Kihawaii, akidhani anawaepusha na kiboko. Ilipofika miaka ya 1970 lugha hiyo ilikuwa imebaki kwa wazee. Ndipo watu wakaamka. Mwaka 1978 katiba ya jimbo ikaifanya kuwa lugha rasmi pamoja na Kiingereza, na mwaka 1984 wazazi na waalimu wakafungua chekechea ya kwanza ya Kihawaii, wakaiita Punana Leo, yaani kiota cha sauti. Mwaka 1987 shule za serikali nazo zikaanza kuifundishia. Mama yule alisema yeye alijifunza lugha ya nyanya yake kutoka kwa binti yake wa miaka mitano.

Tulishuka kwenye kasri ya Iolani. Ilijengwa na Mfalme Kalakaua, ikamalizika mwaka 1882, na iliwashwa taa za umeme kabla ya Ikulu ya Washington. Mwaka 1893 wafanyabiashara wenye asili ya Marekani na Ulaya, wakisaidiwa na askari wa manowari ya Marekani, walimpindua dada yake, Malkia Liliuokalani. Mwaka 1895 wakamfunga katika chumba kimoja cha ghorofani cha kasri yake mwenyewe kwa miezi ipatayo minane, na humo alishona pamoja na mwandani wake blanketi la vipande vya nguo lililo kasrini mpaka leo. Mwaka 1898 Marekani ikavitwaa visiwa vyote. Na mwaka 1993, miaka mia kamili baada ya kupinduliwa malkia, Bunge la Marekani lilipitisha azimio la kuwaomba radhi Wahawaii, na Rais Clinton akalitia saini. Kiti cha enzi hakikurudishwa. Hata hivyo kosa liliitwa kosa, na mwenye kulikosa.

Tuliketi chini ya mti mkubwa katika ua wa kasri, tukila mikate yetu, tukiziacha troli zipite. Mtoto akaniuliza kama na sisi tulichapwa kwa lugha yetu. Nikamweleza habari ya kibao.

Wazee wenzangu mnakijua. Ninyi wanafunzi hamkijui, nami nawapongeza. Kilikuwa kipande cha mbao chenye kamba. Aliyesikiwa akisema Kiswahili alitundikwa shingoni, naye akakaa nacho mpaka amsikie mwingine amkabidhi. Jioni majina yote yaliandikwa daftarini, na Jumamosi wenye majina wakafyeka nyasi za uwanja. Mjukuu wangu akauliza, "Na wewe babu ulikivaa?"

Nikamwambia hapana. Mimi nilikuwa kiranja. Daftari lilikuwa langu.

Bwana Mwenyekiti, hapa ndipo nilipotaka kufika. Mwaka 1970 alikuwako kati yetu kijana aliyejua mashairi. Alikuwa ameyapokea kwa babu yake, beti mamia, zote kichwani. Jumapili moja nilimkuta chini ya mwembe ule ulio nyuma ya bweni, wadogo wa Kidato cha Kwanza wamemzunguka, anawasomea na wao wanaitikia. Wala hakuwa akimdhuru mtu. Nikaandika jina lake. Jumapili iliyofuata nikamkuta tena, nikaliandika tena, na ya tatu vile vile. Alifyeka Jumamosi tatu, nami nilisimama kivulini nikimsimamia. Jumapili ya nne nilipopita, hapakuwa na mtu chini ya mwembe. Nilirudi nikamwarifu mwalimu wa zamu kwamba nidhamu imekuwa njema, naye akanisifu. Hatukupata kumsikia tena akisoma shairi mpaka tunaondoka shuleni.

Nyumbani kwangu nililiendeleza daftari lile bila karatasi. Watoto wangu niliwakataza Kiswahili mezani, ili wafaulu. Walifaulu. Binti yangu alifika mpaka Honolulu. Na matokeo yake niliyaona ndani ya troli, mtoto wa miaka minane akiwaambia watu kwamba hana lugha.

Mwenzetu yule yuko humu ukumbini leo. Sitamtaja jina, kwa kuwa sikumwomba ruhusa, naye amekwisha kujijua. Ndugu yangu, tumesalimiana kila mwaka katika mikutano hii, tumeulizana habari za wake na watoto, na hata mara moja sikukwambia neno hili. Wakubwa wa Marekani wamengoja miaka mia. Mimi nimengoja zaidi ya hamsini, nami sina mia nyingine. Nilikukosea. Kanuni haikuwa yangu, lakini mkono ulioandika ulikuwa wangu, na hakuna aliyenilazimisha kupita chini ya mwembe ule Jumapili tatu. Nakuomba radhi mbele ya hawa wote, kwani mbele ya wote ndipo ulipofyeka.

Sikuja hapa kukitukana Kiingereza. Kimenilisha, kimenisomeshea watoto, na bila hicho nisingaliyaelewa maneno ya dereva yule. Ninalosema ni kwamba lugha ya pili haihitaji kuua ya kwanza ili ipate mahali pa kukaa. Katiba yetu ya mwaka 2010 imekifanya Kiswahili kuwa lugha ya taifa, na kuwa lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Katiba imefanya kazi yake. Iliyobaki ni ya nyumbani, na ya chini ya mwembe.

Mtauliza mtoto yuko wapi sasa. Alasiri ile, katika troli ya kurudi, tulianza mchezo. Kila kituo neno moja: mlango, daraja, mvua, mnazi. Akikosea, nasema mimi neno la Kihawaii nilisahau, tunakuwa sawa. Tulipofika Waikiki alikuwa na maneno kumi na manne. Tangu siku hiyo tumesema kwenye simu kila Jumamosi, nami sijibu kwa Kiingereza mpaka ajaribu kwanza. Mwaka jana nilimhadithia hadithi ile ya babu, yote, kutoka mwanzo mpaka mwisho. Alicheka mahali panapostahili.

Namalizia kwa ombi moja kwa chama. Mwembe bado upo. Nimekwenda kuutazama asubuhi hii. Naomba tuweke benchi chini yake, nami nitalilipia, na Mwalimu Mkuu akikubali, Jumapili alasiri pawe mahali pa mashairi kwa wanafunzi wanaopenda. Kama mwenzetu atakubali kuja siku ya kwanza kuwasomea, mimi nitakuja kuitikia.

Mwenyekiti ananionyesha saa. Gari la mwisho limefika, nami safari hii sitaki kulikosa.